Siri ya uzazi ndani ya ndoa: maswali yanayorudi kila mara

Haya ni maswali ambayo wanawake huyauliza kwa sauti ya chini, aghalabu kwa niaba ya "rafiki yangu mmoja". Yameanzia kwenye ya kawaida na kuishia kwenye yale yanayowatoa jasho hata washauri. Anayeishi na mume anayempiga aanze na swali la 18. Mengine yatasubiri.

## Mambo ya msingi

1. Siri ya uzazi ni ipi hasa?

Ni jambo lolote la kuzaa, kutozaa au kulea ambalo mke analijua, mume halijui, na mke anajitahidi asilijue. Mtoto aliyezaliwa kabla ya ndoa akalelewa na bibi yake. Sindano ya uzazi wa mpango inayochomwa kimyakimya. Daktari aliyesema miaka mingi iliyopita kwamba mimba haitashika. Mtoto ambaye huenda baba yake ni mwingine. Na ipo siri isiyo na cheti wala kipimo: mama anayemtazama mwanawe mchanga na hasikii kitu.

Jambo ambalo halijapata nafasi ya kusemwa bado si siri. Linakuwa siri siku unapobadili mazungumzo ili lisifikiwe.

2. Je, mume ana haki ya kujua kila kitu kuhusu mwili wangu?

Hapana. Mimba iliyoharibika au kutolewa kabla hamjajuana ni habari yako, na kuinyamazia hakumnyang'anyi mumeo kitu. Swali la haki, kwa maoni yangu, ni hili: je, kuna uamuzi mkubwa wa maisha yake anaoufanya leo kwa sababu hajui? Anayengoja mtoto asiyeweza kuja, anayemlipia ada "mdogo wa mke" ambaye kumbe ni mwana wa mke, anayemeza dawa za uzazi ilhali mkewe ana kijiti mkononi, wote hao wanaamua gizani. Hapo huwezi tena kusema unalinda faragha yako.

Daktari na mkunga ni habari nyingine kabisa. Wao waambiwe yote (swali la 7).

3. Kama mume hajui, siri inaiumizaje ndoa?

Kwa kazi ya ulinzi. Tukio lenyewe huenda lilimalizika miaka kumi iliyopita, lakini kulilinda ni kazi ya kila siku. Simu inalazwa kifudifudi. Shangazi anayependa maneno haalikwi. Siku ya kuzaliwa ya yule mtoto ikifika, mke anaamka mkali na hawezi kusema kwa nini. Mume akigusia habari za watoto, hata kwa utani, mada inahamishwa. Baada ya muda anazoea kutoigusia, wala hajui kwamba amezoea.

Siri mume haioni, lakini ulinzi anauona. Na kwa kuwa mtu hawezi kuishi na pengo bila kulitafutia maelezo, analijaza kwa anachokifahamu: ana mwanamume mwingine, hanipendi, anadharau kipato changu. Ndoa nyingi huvunjika kwa ajili ya jibu hilo la kubuni, huku siri yenyewe haijaguswa. Wapo wanawake walioachwa kwa tuhuma ya uzinzi ambao hawajawahi kuufanya, na wakaona heri waondoke na tuhuma hiyo kuliko kusema ukweli.

Upande wa mke kuna upweke wa aina yake. Kila wema wa mume unapokelewa nusu, kwa sababu kuna sauti inayosema, "Angejua, asingenifanyia hivi." Tendo la ndoa huathirika mapema, hasa siri ikihusu mimba. Mke analala akihesabu tarehe, mume analala akijiuliza amekosa nini.

4. Je, mume anaweza kuutazama mwili wangu akajua nimewahi kuzaa?

Hawezi kuwa na uhakika. Michirizi ya tumbo huja pia kwa kunenepa au wakati wa kubalehe, matiti hulegea kwa sababu nyingi, na yale madai kwamba "aliyezaa anajulikana tu" ni maneno ya vijiweni. Mtaalamu anayefanya uchunguzi wa ndani ndiye anayeweza kuona tofauti kwenye mlango wa kizazi: kwa asiyewahi kuzaa kwa njia ya kawaida tundu lake ni dogo la duara, kwa aliyezaa huwa kama mstari uliolala. Kovu la upasuaji ndilo lisilofichika, na baadhi ya wanawake hulisingizia uvimbe au kidole tumbo. Uongo huo una hatari yake, imeelezwa kwenye swali la 7.

## Mtoto aliyezaliwa kabla ya ndoa

5. Mwanangu analelewa na mama yangu, mume wangu anamjua kama mdogo wangu. Nimwambie au niache kama ilivyo?

Mwambie. Nalisema hili bila kuyumba, isipokuwa kwa aliye katika hali ya swali la 18.

Sababu ya kwanza ni mtoto mwenyewe. Huyo ni mtu. Atakua, atauliza, atahitaji cheti cha kuzaliwa, siku moja ataugua na daktari atauliza historia ya wazazi wake. Halafu hesabu wanaojua: mkunga, majirani wa wakati ule, baba wa mtoto, ndugu zako wote. Kila mmoja wao ana siku yake ya hasira.

Sababu ya pili ni kwamba kosa hukua hata kama hukuongeza neno. Mchumba aliyenyamaza miezi sita alikuwa na hofu, na wengi huielewa hofu. Mke wa miaka kumi na miwili amekaa meza moja na mume na mtoto huyo, akamwita "mdogo wangu" mbele ya wote, tena na tena. Kinachomuuma mume zaidi mara nyingi si kwamba ulizaa. Ni kukumbuka zile siku zote mlizokaa pamoja, na kwamba kila mtu mezani alikuwa anajua isipokuwa yeye.

Utaambiwa kwamba akisikia ataondoka. Wapo wanaoondoka. Ila aliyeambiwa na mkewe na aliyeambiwa na mtu baki hawaondoki kwa namna moja. Wa kwanza ana mtu wa kumrudia na maswali yake.

6. Nianzeje?

Anza na habari yenyewe kwa maneno machache: "Kuna jambo nimekuficha. Yule si mdogo wangu, ni mwanangu. Nilimzaa nikiwa na miaka kumi na tisa." Kisha nyamaza. Utangulizi mrefu unampeleka kwenye mawazo mabaya zaidi, kama ugonjwa au mwanamume mwingine, na habari inapofika tayari ameshachoka. Usitangulize sababu zako, zitasikika kama utetezi. Akiuliza, jibu alichouliza, chote.

Chagua siku ambayo kesho yake hakuna anayewahi kazini, watoto hawapo, hakuna aliyekunywa pombe na hamjagombana. Usiitoe siri katikati ya ugomvi ili kumnyamazisha, wala kitandani. Barua inamfaa asiyeweza kusema bila kulia, mradi uwe karibu inaposomwa. Ujumbe wa simu haufai, hata kama una sauti.

Na sema yote siku hiyohiyo. Ukimwambia leo kwamba mtoto yupo, ukamwachia mwezi ujao agundue kwamba baba wa mtoto bado anapiga simu, umemuumiza mara mbili, na mara ya pili ndiyo inayoua imani.

7. Nina mimba ambayo mume anaijua kuwa ya kwanza. Kliniki wataniuliza nimebeba mimba ngapi, naye amekaa pembeni.

Wataulizia kweli, na lazima utafute njia ya kuwajibu kweli. Wanahitaji kujua mimba zote ulizowahi kubeba na ulizozaa, kwa sababu huduma yako inapangwa kwa hesabu hiyo. Mwenye kovu kwenye mfuko wa uzazi akiingia uchungu bila wahudumu kujua, kovu linaweza kuachia. Kwa wenye kovu moja wanaojaribu kujifungua kwa njia ya kawaida hutokea kwa takriban mmoja kati ya 200, na ndiyo maana wanashauriwa wajifungulie mahali penye chumba cha upasuaji. Aliyetokwa na damu nyingi baada ya uzazi uliopita, au aliyepata kifafa cha mimba, yuko kwenye hatari kubwa zaidi ya kurudiwa nayo.

Kisha kuna kundi la damu. Mwenye Rh hasi (Rh ni ile alama ya chanya au hasi inayofuata kundi la damu) aliyezaa mtoto wa Rh chanya, mwili wake huenda ulishatengeneza kinga inayoweza kuishambulia damu ya mtoto anayefuata. Ipo sindano ya kuzuia hilo, hutolewa karibu na wiki ya 28 na tena ndani ya saa 72 baada ya kujifungua, lakini haifanyi kazi ikiwa kinga hiyo imeshajijenga. Mkunga anayeamini hii ni mimba ya kwanza anaweza kuusoma mwili wako vibaya.

Omba kumwona mkunga peke yako. Si ombi geni kwao. Nenda siku nyingine bila mume kama ni lazima, umwambie: "Hii ni mimba yangu ya pili, mume wangu hajui." Muulize pia wataliandikaje. Mkunga amefungwa na maadili ya kutunza siri za mgonjwa. Kadi ya kliniki haijafungwa na chochote, inakaa kabatini na mume anajua kusoma.

8. Mtoto mwenyewe aambiwe lini, na nani?

Na wewe, baada ya mume kujua, na kati ya hayo mawili zipite siku, si miaka. Mtoto asisikie kutoka kwa binamu, na asipewe kamwe kazi ya kutunza siri ya watu wazima. Kwa mtoto mdogo inatosha: "Mimi ndiye niliyekuzaa. Bibi amekulea kwa sababu wakati ule nilikuwa mdogo na sikuweza." Si lazima aanze kukuita mama kesho yake. Huenda asikuite kamwe, na aliyemlea ana haki ya kubaki na jina hilo. Mshirikishe bibi mapema. Katika habari hii yote yeye ndiye anayeogopa kupoteza mtoto, na ni nadra mtu kumuuliza anavyojisikia.

Mtoto aliyevuka utoto atakasirika. Hasira yake si ya kujibiwa kwa maelezo, ni ya kuvumiliwa.

9. Mtoto wangu aliasiliwa na familia nyingine, na kumbukumbu zimefungwa. Kuna haja ya kusema?

Kumbukumbu zilizofungwa hufunguliwa. Sheria ya mwaka 1975 iliwapa watu wazima walioasiliwa katika England na Wales haki ya kupata cheti chao cha asili cha kuzaliwa, na iliwahusu hata wale ambao mama zao waliamini jambo hilo halitafufuliwa. Scotland ilikuwa na haki hiyo tangu 1930. Siku hizi hata sheria haihitajiki. Vipimo vya vinasaba vya kutema mate kwenye kichupa humwonyesha mtu binamu asiowajua, hata kama mama mwenyewe hajawahi kupima. Anayepanga maisha yake kwa imani kwamba mtoto hatampata kamwe anapanga kwa hali ya miaka arobaini iliyopita.

## Siri za kutozaa

10. Natumia uzazi wa mpango kwa siri. Mume anadhani tunatafuta mtoto. Je, nakosea?

Hapa kuna mambo mawili, na watu huyachanganya. Uamuzi wa kubeba mimba ni wako. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1979 wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake, kifungu cha 16, unampa mwanamke haki sawa na mwanamume ya kuamua kwa hiari idadi ya watoto na nafasi kati yao. Kumwacha mtu angoje ni jambo jingine. Ukisema "sitaki kwa sasa" naye akanuna, mna ugomvi wa kawaida wa ndoa. Ukisema "bado hatujajaliwa", akaenda kupimwa, akameza dawa, akakaa anajilaumu, umemtia kwenye mateso ambayo ufunguo wake unao wewe mfukoni.

Wengine husema, "Nitaacha kimyakimya, hatajua." Mwili haufuati ratiba hiyo. Sindano ya miezi mitatu huvuruga hedhi, na baada ya sindano ya mwisho uwezo wa kushika mimba huchukua wastani wa miezi kumi hivi kurudi, kwa wengine zaidi. Vijiti hupapasika chini ya ngozi ya mkono. Nyuzi za kitanzi wakati mwingine huhisika, ingawa mhudumu anaweza kuzikata zikawa fupi. Mume anaweza kugundua kwa kidole kabla hajaambiwa kwa mdomo.

Nyuma ya sindano ya siri karibu daima kuna jambo ambalo halijasemwa: uzazi uliopita ulinitisha, silali, sisaidiwi, sijui kama ndoa hii itafika mbali. Anza na hilo. Ukianza na sindano, mtagombania sindano usiku kucha. Kama unaficha kwa sababu kukataa mimba kunakuletea kipigo, hukosei, na swali la 18 ni lako.

11. Nilijua kabla ya ndoa kwamba siwezi kubeba mimba. Sasa tuna miaka minne na ndugu wanauliza.

Kwanza hakikisha bado ni kweli. "Hutazaa" iliyotamkwa na daktari mmoja zamani huenda ilikuwa "itakuwa vigumu". Mirija iliyoziba, kwa mfano, haizuii yai kurutubishwa maabara na kupandikizwa, jambo lililoleta mtoto wa kwanza duniani mwaka 1978. Aliyezaliwa bila mfuko wa uzazi, hali inayompata takriban mwanamke mmoja kati ya 5,000, mara nyingi ovari zake, zinazotoa mayai, hufanya kazi. Aliyekoma hedhi kabla ya miaka 40 ana njia nyingine na mipaka mingine. Nenda na majibu ya leo.

Kisha mwambie, ukianza na lile gumu zaidi, kwamba ulijua. Usijifanye umegundua jana, kwa sababu uongo huo wa pili utadumu pale ambapo wa kwanza ungesameheka.

12. Lawama zote ni zangu, lakini vipimo vilionyesha tatizo liko kwa mume. Nimekubali kunyamaza ili nimlinde.

Hii ni siri ya upendo, nayo hula kama nyingine. Shirika la Afya Duniani lilikadiria mwaka 2023 kwamba takriban mtu mmoja kati ya 6 hupitia ugumba wakati fulani maishani, yaani kutopata mimba baada ya miezi 12 au zaidi ya kujaribu bila kinga. Upande wa mwanamume unahusika katika karibu nusu ya wanandoa hao. Ila bado mke ndiye anayetazamwa tumbo.

Shida ni kwamba anayelindwa huzoea ulinzi. Siku mama yake anapomshauri atafute mwingine, naye akanyamaza, mke anagundua kwamba alibeba mzigo wa watu wawili na mmoja wao ameshausahau. Si lazima mtangaze majibu ya hospitali. Kubalianeni sentensi moja ambayo mume ndiye ataisema kwa ndugu zake: "Tunatibiwa sote wawili, tusiulizwe zaidi." Kama hawezi kusema hata hiyo, tatizo lenu si la mbegu.

Na kipimo kimoja cha mbegu si hukumu. Mbegu huchukua zaidi ya miezi miwili kutengenezwa, na homa kali ya mwezi uliopita inaweza kuzipunguza. Hupimwa baada ya kujizuia siku 2 hadi 7, na majibu mabaya hurudiwa baada ya miezi mitatu hivi.

13. Mimba yetu iliharibika mapema na sikumwambia hata kwamba ilikuwepo.

Mwambie ukiwa tayari. Kati ya kila mimba 100 zinazojulikana, 10 hadi 20 huharibika, nyingi kwa hitilafu za kromosomu ambazo hakuna aliyezisababisha kwa kubeba mzigo au kukasirika. Huenda akaomboleza kwa kuchelewa. Mwache aomboleze, hata kama wewe umeshamaliza.

## Siri za moyoni

14. Sihisi upendo kwa mtoto wangu mchanga. Mume akijua ataniona mnyama.

Wanawake wengi hubaki na siri hii mpaka iwe ugonjwa kamili. Kulialia na kununa katika siku chache za mwanzo ni kawaida na hupita ndani ya wiki mbili. Ikizidi hapo, ukawa huna hamu ya kitu, hulali hata mtoto akilala, unajiona mama mbaya, unawaza kwamba wangekuwa salama bila wewe, hiyo ni sonona ya baada ya uzazi. Kwa makadirio ya Shirika la Afya Duniani, karibu asilimia 13 ya wanawake waliotoka kujifungua hupata tatizo la afya ya akili, hasa sonona. Inatibika kwa mazungumzo na mtaalamu, na ikibidi kwa dawa, nyingine zikiwa salama kwa anayenyonyesha. Kliniki nyingi huitambua kwa dodoso la Edinburgh la mwaka 1987, maswali 10 kuhusu siku 7 zilizopita. Unaweza kuliomba.

Kuna hali moja isiyongoja miadi. Mama anayesikia sauti, anayeamini mtoto amebadilishwa au ametumwa, asiyelala usiku kadhaa na bado ana nguvu za ajabu, au anayepanga kujidhuru au kumdhuru mtoto, apelekwe hospitali siku hiyohiyo na asiachwe peke yake. Huwapata 1 hadi 2 kati ya kila wanawake 1,000 waliojifungua, mara nyingi ndani ya wiki mbili za kwanza.

Kwa mume, usianze na "simpendi mtoto". Sema: "Ninaumwa. Sina hisia zozote, na naogopa. Naomba unipeleke." Mpe kazi ya kufanya, maana asiye na kazi atakaa akikuchunguza. Naye aangaliwe. Uchambuzi wa tafiti nyingi uliochapishwa mwaka 2010 ulionyesha kwamba karibu mwanamume mmoja kati ya 10 hupata sonona katika kipindi cha mimba na mwaka wa kwanza wa mtoto.

15. Nampenda mwanangu, ila najuta kuwa mama. Nimwambie mume?

Ndiyo, kwa uangalifu, na kamwe mtoto asisikie. Unaweza kumpenda mtoto ukaichukia kazi, na wanaokataa hilo hawajawahi kuamka mara nne usiku kwa miaka miwili. Kabla ya kusema "najuta", chunguza unajutia nini hasa: usingizi, kazi uliyoacha, mwili, au mume ambaye maisha yake hayakubadilika hata kidogo? Mengi ya hayo yana dawa, na dawa yake ni kugawana kazi. Yakibaki majuto matupu baada ya hapo, mpeleke mshauri nasaha hayo majuto kwanza.

## Hali ngumu zaidi

16. Nina shaka mtoto si wa mume wangu.

Sura haithibitishi kitu. Makundi ya damu yanaweza kukanusha tu, tena si daima. Kwa kawaida wazazi wawili wa kundi O hawazai mtoto wa A wala wa B, lakini ipo aina adimu ya damu, iliyoelezwa mara ya kwanza Bombay mwaka 1952, ambayo kwenye kipimo cha kawaida huonekana kama O wakati sivyo. Kuna ndoa zinazoweza kuvunjika kwa karatasi ya maabara iliyosomwa vibaya. Kipimo cha vinasaba, cha kupangusa ndani ya shavu, ndicho kinachokata shauri: hukanusha kabisa au huthibitisha kwa zaidi ya asilimia 99.9.

Sheria za nchi nyingi humchukulia mume kuwa baba wa mtoto aliyezaliwa ndani ya ndoa mpaka ithibitishwe vingine, kwa hiyo zungumza na mwanasheria kabla hujazungumza na mume, hasa kuhusu matunzo na malezi. Baada ya hapo siwezi kukuamulia. Ninachojua ni kwamba magonjwa ya kurithi na hitaji la mchangiaji wa kiungo hutokea bila kupiga hodi, na wodi si mahali pa mume kujifunza habari hii.

17. Tulipata mtoto kwa yai au mbegu za mchangiaji. Mume anajua, wengine hawajui. Hii nayo ni siri?

Si siri kati yenu, ila ni siri kwa mtoto. Historia ya jambo hili ilianza kwa usiri wa kupindukia: mwaka 1884, huko Philadelphia, daktari alimpandikiza mwanamke mbegu za mwanafunzi wa udaktari akiwa amelazwa kwa dawa ya usingizi, na mwenyewe hakuambiwa. Tangu hapo mwelekeo umegeuka. Sweden iliondoa usiri wa wachangiaji mwaka 1985, Uingereza ikafuata kwa michango ya kuanzia Aprili 2005. Mwambieni mtoto mapema, kwa maneno ya kitoto, na mkubaliane nani mwingine ajue. Vipimo vya swali la 9 vinamhusu naye.

18. Nikimwambia atanipiga, au ataniua.

Basi usimwambie, si sasa na si peke yako. Ushauri wote wa kusema ukweli kwenye ukurasa huu unasimama hapa. Kama amewahi kukukaba, kukutishia kwa silaha, au kusema atakuua wewe au watoto, chukulia kwamba anaweza.

Tafuta kwanza mtu mmoja anayejua ulipo kila siku. Weka nje ya nyumba nakala za vitambulisho, vyeti vya watoto, fedha kidogo na ufunguo wa akiba. Zungumza na huduma ya msaada kwa wanawake, ustawi wa jamii au dawati la polisi linaloshughulikia ukatili, ukitumia simu ambayo mume haichunguzi. Mhudumu wa kliniki anaweza kuwa mlango wa kwanza, na njia ya uzazi wa mpango isiyoonekana inaweza kupangwa naye. Muda mfupi kabla na baada ya mwanamke kuondoka ndio wenye hatari kubwa, hivyo mpango uwe tayari kabla ya neno lolote kutamkwa.

19. Nimeshamwambia. Ni wiki ya tatu, haongei na mimi.

Ukimya wa namna hiyo ni wa kawaida, ingawa unatesa. Wewe umeishi na jambo hili miaka mingi, yeye ana wiki tatu. Anarudia kumbukumbu moja baada ya nyingine akiuliza ipi ilikuwa ya kweli. Atakapoanza kuongea, atauliza swali lilelile mara nyingi, na jibu liwe lilelile. Anachunguza kama sakafu imeshika.

Usimharakishe akusamehe na usijidhalilishe ili amalize. Usitume mama yako, mchungaji au shehe kumsemea bila ridhaa yake, maana atahesabu kwamba siri yake nayo imesambazwa. Akitaka mtu wa tatu, achague yeye. Mkikaa miezi bila hatua yoyote, muulize waziwazi anataka nini: muda, mshauri, au kutengana. Kila moja ya hayo mnaweza kulipanga.

20. Alisema amesamehe, lakini kila tukigombana analitoa.

Mara mbili tatu ni jeraha. Likiwa jibu lake kwa kila kitu, hata kwa vyombo ambavyo havijaoshwa, ni fimbo. Mwambie siku ya amani kwamba uko tayari kulizungumza kwa kina muda wowote, lakini si kama kifunga mdomo. Akiendelea, hasa akilitumia kukunyima fedha, ndugu au usingizi, rudi swali la 18.

21. Mtu anayeijua siri yangu anataka fedha la sivyo atamwambia mume.

Usilipe. Anayelipwa mara moja hurudi. Hifadhi ujumbe wote, pamoja na namba na tarehe, na usifute kwa aibu. Kutishia kwa ajili ya kupata fedha ni kosa la jinai katika nchi nyingi, na polisi hawahitaji kujua undani wa siri ili kuanza kazi. Kisha pitia swali la 6 leo usiku, maana ratiba yako imebadilika: mume akishajua, mtu huyo hana tena cha kuuza. Mkiwa mmezungumza, mwonyeshe mumeo ule ujumbe. Aliyekuwa anajiandaa kukukasirikia wewe huenda akapata mtu mwingine wa kumkasirikia kwanza.